Bao la Pili la Bert Patenaude

Mimi ndiye ninayeshika daftari la mabao katika mechi za mitaa hapa Lamu, kazi isiyo na malipo na yenye lawama nyingi. Wiki iliyopita, baada ya Mkomani kukutana na Langoni, kijana mmoja alinifuata hadi barazani Mkunguni akilalamika kwamba bao lake nimeliandika kwa jina la mwenzake, ambaye kwa maneno yake aliguswa tu na mpira pajani ulipokuwa tayari unaelekea wavuni. Tulibishana hadi adhana ya magharibi. Nilipokuwa nikirudi nyumbani nilimkumbuka Bert Patenaude, mshambuliaji wa Marekani ambaye bao lake moja liligombaniwa kwa miaka 76.

Patenaude alizaliwa tarehe 4 Novemba 1909 mjini Fall River, katika jimbo la Massachusetts. Upande huo wa Marekani si mgeni kwetu kama mtu angedhani, kwani merikani, ile nguo ya pamba iliyowavika mababu zetu, ililetwa pwani hii katika karne ya 19 na wafanyabiashara wa Salem, bandari ya jimbo hilohilo. Fall River nao ulikuwa mji wa viwanda vya pamba, na wafanyakazi waliotoka Lancashire, Ureno na Kanada waliufanya kuwa mji wa kandanda. Klabu yake kubwa, Fall River Marksmen, ilichezea Tiverton, ng'ambo ya mpaka wa Rhode Island, kwa sababu sheria za Massachusetts zilibana michezo ya kulipwa siku ya Jumapili. Mwenye klabu, Sam Mark, aliona afadhali ajenge uwanja jimbo la pili kuliko kupoteza mapato ya Jumapili, na mimi simlaumu.

Akiwa na Marksmen, Patenaude alitwaa kombe la taifa mwaka 1930 na tena mwaka 1931, ambapo katika mechi mojawapo ya fainali alifunga mabao matano peke yake. Hata hivyo, jina lake limebaki kwa ajili ya mwezi mmoja tu, Julai 1930, Kombe la Dunia la kwanza lilipochezwa Montevideo naye akiwa na umri wa miaka 20. Tarehe 13 alifunga bao moja Marekani ilipoishinda Ubelgiji 3-0. Tarehe 17 Paraguay nayo ililala kwa idadi hiyohiyo, na mabao yote matatu, ya dakika ya 10, ya 15 na ya 50, yalikuwa yake.

Bao la dakika ya 15 ndilo lililoleta mzozo. Kumbukumbu nyingine zilimpa nahodha Tom Florie, nyingine zikasema Aurelio González wa Paraguay alijifunga mwenyewe. Siku mbili baadaye Guillermo Stábile wa Argentina aliifunga Mexico mabao matatu, na kwa miongo mingi yeye ndiye aliyehesabiwa kuwa wa kwanza kufanya hivyo katika Kombe la Dunia.

Katika nusu fainali Argentina iliwashinda Wamarekani 6-1, siku ambayo Raphael Tracy alivunjika mguu na hapakuwa na ruhusa ya kuingiza mchezaji wa akiba. Mwezi Agosti Patenaude aliifunga Brazil mabao mawili katika mechi waliyopoteza 4-3, na huo ukawa mwisho wake katika timu ya taifa: mechi nne, mabao sita. Marekani haikucheza tena mechi ya kimataifa hadi 1934, na ligi ya kulipwa iliyomlea ilikuwa imekwisha kusambaratika kwa ugomvi wa viongozi na kwa mdororo wa uchumi. Alihamia St. Louis, akatwaa kombe la taifa tena mwaka 1935.

Alifariki tarehe 4 Novemba 1974, siku aliyotimiza miaka 65. FIFA ilimtambua rasmi tarehe 10 Novemba 2006, baada ya watafiti na wapenzi wa soka kuthibitisha kwamba bao lile lilikuwa lake.

Kuhusu kijana wa Mkunguni, nimewauliza watu watatu waliokuwa wamesimama nyuma ya lango. Wawili wanasema bao ni lake, na wa tatu anasema jua lilikuwa likimpiga machoni. Nimelifuta jina la kwanza na kuandika lake kwa penseli.