Michapo yangu ya jikoni, na ule mmoja niliotupa

Jamani kwanza tuelewane, nkisema mchapo sisemi stori. Najua wenzetu wa bara wakisikia michapo wanavuta kiti wakae vizuri wasikilize umbea, mie nasema mchapo ule wa waya wa kupigia mayai. Naandika mana kila nkiposti mkate wa mayai, ile keki yetu ya mayai, naulizwa "umetumia mashine gani dada" na nkijibu nimepiga kwa mkono watu hawaniamini, wanaona nawaficha.

Ntaanza na ule niliotupa. Mwaka juzi karibu na Ramadhani nkaenda sokoni Darajani hapa Unguja nkanunua mchapo mkubwa, ule wa mviringo uliotuna tumbo, unang'ara, elfu tatu tu, nkarudi nyumbani najiona nimeokota. Wiki ya pili waya mmoja ukachomoka kwenye mpini, nkaurudisha kwa koleo, kesho yake ukachomoka mwengine. Alafu ikaja harufu. Nkiuosha nkiutundika unachuruzika maji mabovu, kumbe mpini ndani mtupu na pale nyaya zinapoingilia hapakuzibwa, maji ya kuoshea yanaingia yanakaa humo humo na ute wa mayai, na yai likivunda unalijua. Nkaurudisha dukani, yule kijana akanambia "sasa dada kwa elfu tatu ulitaka uishi nao miaka mingapi?" Nkaishia kucheka, mana kosa na langu lipo, skuutikisa. Mchapo kabla hujalipa utikise sikioni kama unavotikisa nazi sokoni, ukisikia kitu kinacheza ndani urudishe pale pale. Alafu utazame zinapoingilia nyaya, pawe pamezibwa, na ubinye nyaya kwa vidole, zirudi zenyewe zilivokuwa.

Lakini tuseme kweli, hata ungekuwa mzima nilikuwa naupa kazi zisokuwa zake. Nilikuwa na mchapo mmoja nafanyia kila kitu. Mkate wa mayai huo, kastadi huo, urojo huo. Urojo, ule mchuzi wetu mzito wa unga, ndo ulionitia adabu.

Siku hiyo nina wageni, sufuria langu la urojo lina pembe kali chini, si la duara. Unga nshauvuruga na maji ya baridi kama inavotakiwa, mana ukitia unga mkavu kwenye maji ya moto chembe inaiva nje ndani inabaki unga, hapo ushapata madonge na hayatoki tena mpaka uchuje. Sasa mie madonge sikuwa nayo, nkamimina kwenye maji yenye manjano, nkakoroga nkakoroga, juu kunapendeza laini kabisa. Kumbe tumbo la mchapo linagusa katikati tu, kwenye pembe zile za sufuria unga umetulia unashika. Nlijua kwa harufu. Nkatia ndimu, nkatia embe mbichi, wapi, urojo unanukia moshi, na katlesi na bajia nshakaanga zinangoja. Wageni walikula kwa heshima.

Kwa urojo, kwa uji, kwa kastadi, kwa sosi yoyote ya unga, tafuta mchapo bapa. Ule umelala kama mkono ulofunguliwa, nyaya zake nne tano zimepangana sawa, unakwangua chini na unaingia pembeni. Mie nkiulizwa nianze na upi nasema huo, japo dukani hauna mvuto, watu wanakimbilia wenye tumbo kwa sababu ndo wanaouona kwenye video. Na kama sufuria lako ni haya yasoshika chakula, nunua ulovishwa mpira, waya mtupu utalichubua.

Wenye tumbo kazi yake ni kuingiza upepo, basi. Mayai na krimu. Na unataka bakuli pana lenye kina, tumbo lipate kuzunguka, ukiutia kwenye bakuli jembamba unagonga kuta tu mkono unakuuma na povu huoni. Kuna na mwembamba kidogo unafanana nao, nyaya zake ngumu zaidi, huo mzuri kwa vitu vizito lakini mie naona ukiwa na bapa na wenye tumbo unaweza kuishi bila yake.

Sasa mkate wa mayai. Mie nlifundishwa na mama katika ile miezi mitatu ya kiza, Disemba 2009 mpaka Machi 2010, waya wa chini ya bahari unaotuletea umeme kutoka bara umeharibika, Unguja hakuna umeme, kila mtaa jenereta zinanguruma, na sisi tuna harusi ya binamu yangu. Mashine ya mama ya kupigia iko juu ya kabati haina kazi. Akatoa kwenye droo mchapo wa springi, mkongwe, kijiti cha waya chini kimepindwa kama kijiko na pembeni kimezungushwa springi kama ile ya peni lakini nene. Mayai trei nzima, tunapiga kwa mafungu, yeye akichoka napokea mie. Nkaanza kukoroga kwa nguvu zangu zote, akanishika mkono. "Usikoroge, inua. Upepo hauingii kwa kukoroga."

Neno hilo ndo siri yote, ukitaka. Mchapo unauzamisha, unaunyanyua, unaurudisha, kila ukipanda unashuka na upepo, ute wa yai unaushika upepo ule na sukari inausaidia ukae. Na mafuta ndo adui. Bakuli la plastiki lililowahi kutiwa samli halitakati mafuta hata ulisugue vipi, mayai hayapandi, unalaumu kuku. Tumia la kioo au la stili, lifute na ndimu kwanza. La aluminiamu usitumie, mayai yanageuka kijivu. Na mayai yakitoka kwenye friji yawache yatoke ubaridi, ya baridi yanakuwa mavivu.

Yakishakuwa meupe mazito nyanyua mchapo, wacha yadondoke, chora nane juu yake. Nane ikizama kabla hujaimaliza endelea. Ikikaa ukaweza kuisoma, tia iliki na unga kidogo kidogo, na hapo sasa usipige tena, zungusha taratibu kutoka chini, hata kwa mchapo huo huo inawezekana ila mkono uwe mwepesi. Kwa mayai sita mie nachukua robo saa na kitu, na bega nalisikia usiku. Sina ugomvi na mashine, ninayo, ila napenda kujua yai limefika wapi na mkono unaniambia.

Kuna na michapo mingine ya kuchekesha. Wa vitufe, nyaya zimesimama kila moja ina kidude kichwani, unaoshwa kirahisi kweli lakini povu lake hafifu. Wa betri wa kutia povu kwenye maziwa, wanangu wameshauua.

Na wa kaimati. Unga wa kaimati, vile vidonge vya kukaanga, usiupige na mchapo wa kawaida, utapanda ndani ya nyaya ujifunge humo na utautoa kwa kijiti, siku zote tunapiga kwa mkono, pa pa pa, mpaka unavuta. Wifi yangu anayekaa Uingereza akaniletea mchapo wa Kidenmark, wenyewe huko Denmark wanauita brødpisker, mpini wa mti na waya mmoja mnene umepindwa pindwa mbele kama andiko la mtoto wa chuo cha Kurani. Unga unapita katikati haung'ang'anii. Sikuuamini, nkaujaribu, kaimati zikatoka duara na vidole vyangu visafi.

Nkampelekea mama kumuonesha. Akaugeuza geuza, akautazama kwa mbali, akasema "huu si mtego wa panya huu?" Tukacheka yakaisha. Siku ya mwanzo ya Ramadhani jioni akamtuma mtoto aje auazime, mpaka leo haujarudi.