Programu ya mizani ya korosho: anzeni na gunia moja

Ndugu zangu mnaotengeneza programu za AMCOS, yaani vyama vya msingi vya ushirika wa mazao, huku Mtwara, tarehe ya mwisho hatuipangi sisi. Minada ya korosho huanza Oktoba, kwa hiyo hesabuni kurudi nyuma: mwisho wa Agosti msiongeze kipengele kipya, Septemba yote iwe ya majaribio na kurekebisha makosa.

Wiki mbili za kwanza jengeni njia moja tu hadi mwisho: mkulima analeta mzigo, karani anapima, anatoa uzito wa gunia tupu, anachagua daraja la ubora, risiti inatoka. Ripoti zisubiri. Kisha mpeni karani simu, palepale ghalani, wala msimwelekeze. Kaeni kimya mtazame kidole chake kinakwama wapi.

Kinachoumiza zaidi ni mtandao. Kila kipimo kihifadhiwe kwanza ndani ya simu, kikiwa na namba yake ya pekee iliyotolewa na simu hiyohiyo, ndipo kitumwe. Bila namba hiyo, mtandao ukikatika katikati simu hutuma tena, mfumo haujui kuwa ni kipimo kilekile, na kilo 80 za mkulima zinasomeka 160. Hilo likitokea siku ya malipo, imani ya wakulima imekwisha. Zimeni data makusudi, pimeni mara 20, washeni, hesabuni rekodi zilizofika. Zikiwa 21, msiguse kazi nyingine.

Kazi inayozidi siku 2 igawanyeni. Na ombi jipya la mwenyekiti, hata la mdomo, liandikwe siku hiyohiyo pamoja na kitakachoondolewa ili ombi hilo lipate nafasi.