Dakika ya 7

Mieleka ile niliirekodi kwa kamera mbili. Moja niliisimamisha pembeni mwa uwanja, nyingine niliishika mwenyewe nikiwa nimechuchumaa karibu kabisa, hata nasikia vijana wanavyohema. Walizungukana dakika 11 kabla ya kushikana. Kuanguka kwenyewe kulichukua sekunde 3.

Wakati wa kuhariri, zile dakika 11 nikazipunguza zikawa sekunde 40, na kuanguka nikakurudia mara mbili, mara ya pili polepole. Nilikuwa nimepiga fremu 100 kwa sekunde, vumbi linapanda taratibu kama moshi. Niliipenda mno picha ile.

Filamu zangu za makala huziona kwanza wale niliowarekodi. Desturi hiyo nimeichukua kwa Jean Rouch, Mfaransa aliyepiga filamu kando ya Mto Niger, yule ambaye stendi ya kamera ilimpotea mapema safarini akazoea kupiga picha kwa mkono. Mwaka 1954, huko Ayorou, aliwaonyesha wawindaji wa viboko filamu ya mawindo yao wenyewe. Waliitazama tena na tena, kisha wakamkosoa: mbona kuna muziki wakati wa kumfuata mnyama? Kiboko ana masikio, angesikia akakimbia. Na muziki wenyewe ulikuwa wa wawindaji haohao! Rouch akauondoa. Kila nikikumbuka kisa hicho namheshimu zaidi, yeye na wale wawindaji.

Basi nasi tukatundika shuka. Watoto walishangilia vumbi. Mzee mmoja, mwanamieleka wa zamani ambaye sasa anawafunza vijana, hakusema neno hadi mwisho.

"Mwanangu," akaniambia, "mchezo umeutupa, umetuletea kuanguka tu."

Nikamwomba akae nami, nikafungua picha zote kama zilivyotoka kwenye kamera. Alizitazama zile dakika 11 kama mtu anayesoma barua. Hapa huyu anamjaribu mwenzake kwa bega. Hapa mwenzake amekataa kudanganyika. Hapa wanapumzika, wewe unadhani wanaogopana. Ilipofika dakika ya 7 akagusa kioo kwa kidole.

"Hapa ameshaanguka."

Kwenye picha wote wawili walikuwa wamesimama wima.

Nimeihariri upya. Mwendo wa polepole nimeutoa, mzunguko wote nimeurudisha, na sauti ni nyayo na pumzi zao tu. Mnunuzi mmoja wa vipindi ameniambia watazamaji watahama kabla hawajashikana. Nimemjibu kwamba dakika 11 zinabaki, na tangu hapo hajanipigia.

Dakika ya 7 nimeirudia mara nyingi, fremu kwa fremu, bila kuona alichokiona mzee. Jana usiku niliacha kutazama mikono, nikatazama miguu. Kisigino cha kushoto cha yule kijana kilikuwa kimenyanyuka.