Ndoto juu ya kitanda cha mfungwa

Nilipokuwa mtoto hapa Kirumba, Mwanza, tulitazama filamu za kigeni katika kibanda cha video, zikisindikizwa na sauti ya mtafsiri aliyetueleza nani ni mwizi, nani ni askari, na hata yale ambayo mwizi mwenyewe hakuyasema. Nikakua nikiamini kwamba kisa cha uhalifu hakieleweki bila msimulizi. Imani hiyo ilitikisika juma lililopita, nilipotazama Histoire d'un crime, filamu bubu ya dakika tano hivi ambayo Ferdinand Zecca aliitengenezea kampuni ya Pathé nchini Ufaransa mwaka 1901.

Mtu anaingia benki usiku kuiba, anamuua mfanyakazi aliyekuwa akilinda, anakamatwa, anafungwa. Mpaka hapo ni mkosaji tu. Kisha analala gerezani, na juu ya kitanda chake, mahali palipokuwa ukuta mtupu, panafunguka chumba kingine. Hakikutengenezwa kwa ujanja wa kamera. Ni jukwaa dogo lililojengwa juu ya lile la kwanza, na waigizaji wanacheza humo huku mfungwa amelala chini yao. Tunaiona karakana ya seremala, tunaiona familia ikila mezani, halafu mkahawa wenye pombe. Baada ya ndoto hiyo wanamwamsha kumpeleka kwenye mashine ya kukata kichwa.

Miaka miwili baadaye, Edwin S. Porter alitengeneza The Great Train Robbery, filamu ya wizi wa treni, kwa kampuni ya Edison huko Marekani, na wengi wanaikumbuka kwa sababu ya yule jambazi, Justus D. Barnes, anayeelekeza bastola kwa mtazamaji na kufyatua. Wenye majumba ya maonyesho waliruhusiwa kukiweka kipande hicho mwanzoni au mwishoni, kwa kuwa hakifungamani na kisa. Kinashtua kweli, lakini moyo wangu uko kwa Zecca, kwani Porter alituonyesha mtutu, ilhali Zecca alituonyesha mtu alikotoka.

Jumapili nilimwekea mama filamu ya Zecca kwenye kompyuta, aliporudi kutoka soko la Mwaloni kuuza dagaa. Sikumtafsiria chochote. Muuaji alipokamatwa, mama alisema, "Afadhali." Ndoto ilipofunguka juu ya kitanda alisogeza kiti, akaitazama ile meza ya chakula, kisha akasema kwa sauti ya chini, "Kumbe naye ana kwao."