Florida: usiishie kwa gavana
Ndugu zangu wapiga kura wa Florida, Novemba 3, 2026 tunachagua pia Ofisa Mkuu wa Fedha. Ndiye hulipa madeni ya jimbo, na ofisi yake hutunza hata akaunti za benki zilizosahauliwa na wenyewe. Nafasi nzito mno kuiruka!

Mchujo ni Agosti 18, wa wanachama pekee. Kubadili chama mwisho ni siku 29 kabla, yaani Julai 20. Hapa ndipo wengi hukwama.

Mnaopiga kwa posta, maombi ya 2024 yamekwisha muda, ombeni upya. Sahihi ya kwenye bahasha ifanane na ya daftarini. Nayo ifike ofisi ya msimamizi wa uchaguzi wa kaunti yenu kabla ya saa 1 jioni siku ya kura. Muhuri wa posta hautoshi.