Nilivyopinga deni la kodi lililodaiwa mara mbili

Dukani kwangu Kirumba, Mwanza, ninakouza nyavu na kamba za wavuvi, ililetwa hati ya makadirio inayodai kodi niliyokwisha kuilipa. Nilieleza kwa mdomo kaunta, haikusaidia. Nikataka kufungua kesi mahakama ya kawaida, wakili akanizuia, kwa kuwa shauri la kodi huanza kwa pingamizi kwa Kamishna Mkuu wa Mamlaka ya Mapato (TRA), na asiyeridhika na uamuzi wake hukata rufaa kwenye Bodi ya Rufani za Kodi.

Pingamizi huwasilishwa ndani ya siku 30, nami nilidhani zimekwisha, maana hati iliandikwa tarehe 19 Februari. Kumbe siku huhesabiwa tangu hati inapomfikia mlipakodi! Daftari la kupokelea barua lilionyesha, kwa wino wa bluu, sahihi ya kijana wangu ya tarehe 14 Machi. Nikatoa nakala ya ukurasa huo, nikaambatanisha stakabadhi za benki, na kwa kuwa sheria hudai amana, yaani malipo ya awali ili pingamizi lipokelewe, ya theluthi moja ya kodi iliyokadiriwa au kiasi kisichobishaniwa, kilicho kikubwa zaidi, nikaomba kwa maandishi nisamehewe amana hiyo, nikieleza sababu. Niliwasilisha tarehe 4 Aprili. Pingamizi lilipokelewa, na wiki hii deni limefutwa.