Siku moja maishani mwangu: mtunzi wa muziki wa filamu

Saa 12 asubuhi. Sigusi kinanda kwanza. Nalitazama tukio bila sauti: mama anasoma barua, anaikunja, kisha anainua macho. Mwongozaji anataka muziki uanze barua inapokunjwa. Jana niliuanzisha fremu 12 mapema, yaani picha moja moja 12 za filamu. Filamu hupita fremu 24 kila sekunde, kwa hiyo ni nusu sekunde tu, ila mtazamaji angejua habari ni mbaya kabla ya mama mwenyewe. Hilo limeninyima usingizi.

Saa 2. Nahesabu. Kwa kasi ya muziki ya mapigo 60 kwa dakika, macho yanainuka robo sekunde na ushee baada ya pigo la 9. Nashusha hadi 58, yanaangukia palepale penye pigo. Hapo noti ya chelo, ala kubwa ya nyuzi yenye sauti nzito, inashuka.

Saa 4. Wapigaji wameketi. Kila mmoja ameziba sikio moja kwa hedifoni asikie mdundo wa kuongozea, sikio la pili awasikie wenzake. Mdundo ukiwa na sauti kubwa huvujia kwenye maikrofoni, na muziki wa polepole hauna pa kuuficha. Tunarudia mara 3. Mara ya 4 mpiga chelo anavuta pumzi kabla ya noti ya kwanza, na pumzi inasikika wazi. Fundi mitambo anataka turudie tena. Namwomba aiache. Imeingia pale pale mama anapokunja barua, kana kwamba ni yeye aliyeivuta.

Saa 8 mchana. Kazi ya televisheni, sekunde 40 chini ya sauti ya msimulizi. Chelo na sauti ya mtu hugombania nafasi moja, basi wimbo naupandisha oktavu moja, yaani noti zilezile kwa sauti ya juu zaidi, nawapa wapiga filimbi. Imekwisha, natuma.

Saa 1 usiku. Nipo ukumbini kurekodi tamasha. Hapa hakuna kurudia, kwa hiyo rekoda ni 2, moja ikizima nyingine inaendelea. Maikrofoni kuu zinaning'inia juu, nyuma kidogo ya kondakta, anayewaongoza wapigaji, ili ukumbi wenyewe usikike. Za karibu na ala naziongeza kwa kiasi tu.

Saa 3 kasoro, noti ya mwisho. Kondakta hajashusha mikono. Noti inazunguka ukumbini, mshale wa mita ya sauti unashuka taratibu, hakuna anayekohoa. Kidole nimekiondoa kwenye swichi ya kuzima rekoda kabisa, mpaka makofi ya kwanza yaliposikika.